Tarumbeta za Kikuchi: muziki wa Dragon Ball Z ambao hukuusikia utotoni

Swali: "Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa Morogoro, natengeneza biti na nimeanza kupata kazi ndogo ndogo za tamthilia. Utotoni nilitazama Dragon Ball Z kwenye DVD za mtaani, za Kiingereza, na muziki wake ndio ulionifanya nipende kinanda cha umeme. Juzi nimepata ya Kijapani yenye maandishi chini, nikakuta muziki ni mwingine kabisa: tarumbeta, violini, mambo ya zamani. Wa kweli ni upi? Aliutunga nani? Na mtu mmoja anawezaje kutunga muziki wa vipindi karibu 300 asiishiwe?"

Marahaba, kijana wangu. Umeniuliza jambo ninalolipenda, kwa hiyo nivumilie nikirefusha.

Muziki uliotoka na katuni yenyewe Japani ni huo wa tarumbeta. Mtunzi wake ni Kikuchi Shunsuke. Kikuchi ndilo jina la ukoo, na Wajapani hulitanguliza. Ule uliokulea wewe ulitungwa Marekani. Dragon Ball Z ilipofikishwa huko mwaka 1996, waliotafsiri sauti waliuondoa muziki wa Kijapani wakaweka wa kwao, na kuanzia 1999 kazi hiyo ikashikwa na Bruce Faulconer na wenzake kwa ajili ya kampuni ya Funimation ya Texas. Gitaa nzito na vinanda vya umeme unavyovikumbuka ni vyao. Sikuambii uvidharau. Muziki ukishamlea mtoto, ni wake. Ila kama unataka kuijua kazi hii ya kutungia picha, basi darasa lako liko kwenye hiyo DVD ya pili.

Kikuchi alizaliwa tarehe 1 Novemba 1931 huko Hirosaki, mkoa wa Aomori, kaskazini kabisa mwa kisiwa kikuu cha Japani, nchi ya theluji na matufaha. Alisoma muziki katika kitivo cha sanaa cha Chuo Kikuu cha Nihon, Tokyo, kisha akawa mwanafunzi wa Kinoshita Chuji, mtunzi wa muziki wa sinema. Filamu yake ya kwanza ilitoka 1961, ya kampuni ya Toei. Toei ya miaka hiyo ilitoa filamu mfululizo, za wahuni, za wapelelezi, za samurai, na muziki ulitakiwa uwe tayari kwa wakati. Aliyekuwa akingoja msukumo wa moyo ndipo aandike hakudumu pale. Kikuchi alidumu.

Televisheni ilipoingia majumbani, Toei ikahamia huko na yeye akahamia nayo. Mwaka 1968 alitunga muziki wa Key Hunter, mfululizo wa wapelelezi. Mwaka 1969 ikaja Tiger Mask, katuni ya mpigana mieleka aliyelelewa kwenye kituo cha yatima na sasa anawapigania yatima wenzake. Hapo nakuomba usimame kidogo. Wimbo wa ufunguzi ni wa vita, shangwe za ukumbini na tarumbeta. Wimbo wa kufungia, uliotungwa na Kikuchi huyo huyo, ni wa taratibu mno, wa huzuni, ni yatima anaimba upweke wake. Kipindi cha watoto, jioni, familia iko mezani inakula, na yeye anawaachia huzuni nzito namna ile bila kuipaka sukari. Nilipousikia mara ya kwanza sikujua neno hata moja la Kijapani, nami nilinyamaza mpaka ukaisha.

Mwaka 1971 akapewa Kamen Rider, shujaa wa pikipiki mwenye kofia ya panzi. Wimbo wa ufunguzi ni wake, na aliendelea na mashujaa waliofuata wa jina hilo mpaka mwanzoni mwa miaka ya themanini. Mwaka 1972 akatunga wimbo wa filamu ya mfungwa wa kike aitwaye Sasori, yaani Nge, ulioimbwa na mwigizaji mwenyewe, Kaji Meiko. Miaka thelathini baadaye mwongozaji wa Marekani, Quentin Tarantino, aliutumia wimbo huo kwenye filamu zake za Kill Bill, na watu wa mabara mengine wakamsikia Kikuchi pasipo kulijua jina lake.

Halafu tazama mwaka 1975 peke yake. Aprili inaanza Kamen Rider Stronger. Mei inaanza G-Men '75, tamthilia ya polisi iliyodumu mpaka 1982. Mwezi huo huo inaanza katuni ya roboti, Getter Robo G. Oktoba inaanza katuni nyingine ya roboti, Grendizer. Mifululizo minne mipya kwa mwaka mmoja, yote ikirushwa kila wiki, yote ina muziki wa mtu mmoja. Swali lako la mtu mmoja na vipindi 300 linaanzia hapa, na jibu lake si uchawi. Ni utaratibu wa kazi.

Wewe ukipewa tamthilia unafanyaje? Nadhani kama nilivyofanya mimi nilipoanza. Unaletewa kipindi kilichokatwa, unakaa nacho usiku kucha unakipimia muziki sekunde kwa sekunde, asubuhi unakipeleka, na kesho yake kinakuja kingine. Mimi nilifanya hivyo kwa wiki saba kwa ajili ya tamthilia moja, na kufikia ya nane nilikuwa narudia akodi zile zile, yaani mafungu yale yale ya noti zinazopigwa pamoja, bila kujua. Marekani ndivyo wengi wanavyofanya pia, isipokuwa wao wana watu wengi chumbani.

Japani, kwenye katuni na tamthilia za kila wiki, desturi ilikuwa nyingine. Mtunzi hatungii kipindi, anatungia ghala. Kabla mfululizo haujaanza, mara nyingi kabla hajaona hata picha moja inayotembea, anakaa na mwongozaji na mtu wa sauti, naye anapewa orodha. Kila kipande kinaitwa M na namba yake. Nikikuigizia, orodha inakuwa hivi: M-1, asubuhi ya amani kijijini, dakika moja na nusu. M-7, adui yuko karibu lakini haonekani. M-8, adui huyo huyo, sasa anaonekana. M-15, pambano, shujaa anazidiwa. M-16, pambano, shujaa anageuza meza. M-22, kumbukumbu ya aliyekufa. M-30, daraja la sekunde tano la kuvukia kutoka tukio moja hadi jingine. Zinaweza kufika vipande hamsini, sitini na zaidi. Mtunzi anakwenda nyumbani, anaviandika vyote, anapanga ala zote, kisha wanamuziki wanaitwa studio na vinarekodiwa kwa mkupuo mmoja.

Baada ya hapo mtunzi anaweza kwenda zake kwenye kazi nyingine. Kuna fundi mwingine, mchaguzi wa muziki, ambaye kila wiki anapokea kipindi kilichokamilika na kuingia ghalani. Yeye ndiye anayeamua kwamba hapa shujaa wetu Goku anaporuka tunaweka M-16 kuanzia nusu, na hapa mama anapolia tunaweka M-22 lakini tunakata kabla violini hazijapanda. Kwa hiyo ukisifu jinsi muziki ulivyoangukia kwenye ngumi, unawasifu watu wawili. Ghala likipungua, mtunzi anaitwa tena arekodi vipande vipya. Kwenye Dragon Ball Z kulikuwa na faida ya ziada: muziki Kikuchi aliotungia filamu za sinema za katuni hiyo, ambazo zilipimwa kwa picha zake, ulirudishwa ghalani na kutumika kwenye televisheni.

Sasa fikiri utaratibu huo unamdai nini mtunzi. Hutungi ngumi ya Vegeta, mpinzani wa Goku, kwa sababu ngumi hiyo bado haijachorwa. Unatunga kuzidiwa. Unatunga woga wa kitu kisichoonekana. Kipande kinatakiwa kiwe na nguvu ya kubeba tukio, lakini kisiwe kimefungwa kwenye tukio moja, kwa maana kitapigwa mwezi huu, na miezi sita ijayo, na miaka minne ijayo juu ya sura nyingine kabisa. Kinatakiwa kianze vizuri, kikatike vizuri popote, na mtazamaji akisikie mara arobaini asikichoke. Jaribu, utaona. Kutungia picha iliyopo ni kazi ngumu, lakini picha inakushika mkono. Huku hushikwi mkono na mtu.

Na Kikuchi ulikuwa unamtambua kwa sekunde tatu. Mashabiki wa Japani wana neno, Kikuchi-bushi, yaani mahadhi ya Kikuchi. Nitakuonyesha sehemu mbili, ukae kinandani.

Ya kwanza ni skeli, yaani ngazi ya noti. Kama umepita kwaya unajua solfa. Piga skeli ya maina: la, ti, do, re, mi, fa, so. Sasa ondoa noti ya nne na ya saba, yaani re na so. Zimebaki tano: la, ti, do, mi, fa. Wajapani wanaiita yonanuki, "yo" ni nne, "na" ni saba, "nuki" ni kuondoa. Nyimbo zao nyingi za majonzi zinakaa humo. Ipande polepole, halafu shuka kutoka fa hadi mi, rudia fa, mi. Hatua hiyo ndogo, nusu ya sauti tu, ndiyo inayouma. Kikuchi aliichukua skeli hiyo ya huzuni akaipa tarumbeta na ngoma za roki. Ndiyo maana mashujaa wake hawana furaha ya kijinga hata wanapokimbilia ushindi. Chini ya mbio zao kuna kilio.

Ya pili ni jinsi alivyopanga ala. Sikiliza kipande chochote cha pambano cha Dragon Ball Z kwa spika za masikioni. Tarumbeta zinabeba wimbo zote kwa pamoja, kwa sauti moja, hazigawani akodi kama kwenye bendi zetu za dansi. Chini yake besi inatembea bila kupumzika na gitaa la umeme linakwaruza mdundo. Halafu tega sikio nyuma ya tarumbeta: mara nyingi kuna zilofoni, ala ya vibao vya mti vinavyogongwa, inapiga noti zile zile, kavu, kama mifupa inagongana. Ukiiondoa hutajua nini kimepungua, utaona tu tarumbeta zimelegea. Ni chumvi ndani ya mchuzi. Hili nimelijaribu mwenyewe kwa kuongezea marimba kidogo chini ya tarumbeta za kompyuta, na kwa mara ya kwanza hazikusikika kama za kompyuta.

Kitu kimoja zaidi ambacho DVD zako za utotoni zilikuficha ni ukimya. Toleo la Marekani linajaza muziki karibu kila dakika. La Kijapani linaacha mapengo marefu. Watu wawili wamesimama juu ya mwamba wanatazamana, unasikia upepo na jiwe linaloporomoka, basi. Tarumbeta zikiingia baada ya hapo zinakurusha. Wasikilizaji wengi waliokulia toleo la Kiingereza wanayaona mapengo hayo kama upungufu. Mimi naona ndiyo nusu ya kazi, na ningependa watengenezaji wa tamthilia wetu wakubali hata dakika moja tu ya namna hiyo. Kila ninapoacha kimya, naulizwa kama faili limeharibika.

Usidhani alijua vita tu. Mwaka 1979 alitunga wimbo wa Doraemon, yule paka wa buluu asiye na masikio, na wimbo huo uliendelea kufungua kipindi mpaka 2005, waimbaji wakibadilishana, lahani ikibaki ile ile. Mtu aliyetungia mfungwa analipiza kisasi ndiye aliyewapa watoto wa Japani wimbo ambao wote wanaujua, mwepesi kiasi kwamba mtoto wa miaka mitatu anaushika. Mwaka 1978 alikuwa ameanza Abarenbo Shogun, tamthilia ya mtawala anayetoka kwa siri mitaani kutetea wanyonge, ikapita vipindi 800. Kila kipindi kinafikia mahali upanga unachomolewa na muziki ule ule unaingia, na watazamaji wanaungoja kama sisi tunavyongoja kiitikio. Mwaka 1981 akafanya Dr. Slump ya Toriyama Akira, na ya mtunzi huyo huyo wa hadithi ikafuata Dragon Ball mwaka 1986, kisha Z kuanzia Aprili 1989 hadi Januari 1996, vipindi 291.

Hapa nikurekebishe jambo ambalo wengi wanakosea. Nyimbo za ufunguzi za Dragon Ball na Dragon Ball Z, zile zinazoimbwa kwenye karaoke dunia nzima, si za Kikuchi. Hiyo ya Z iliyoimbwa na Kageyama Hironobu ilitungwa na Kiyooka Chiho. Kufikia miaka ya themanini wimbo wa ufunguzi ulikuwa bidhaa ya kampuni za rekodi, unatafutiwa mtunzi wake peke yake, wakati huku nyuma mtunzi wa mfululizo anajaza ghala. Kwenye Tiger Mask, Kamen Rider na Grendizer vyote viwili vilikuwa mikononi mwake, ndiyo maana katika kazi hizo wimbo na muziki wa ndani vinasikika kama ndugu wa tumbo moja.

Nimeitaja Grendizer mara kadhaa kwa sababu ndiyo inayopita karibu na kwetu. Ilitafsiriwa Kiarabu nchini Lebanon na kuenea nchi za Kiarabu tangu mwishoni mwa miaka ya sabini. Ndugu zetu waliokulia Ghuba miaka ile wanaikumbuka vizuri. Wimbo wa ufunguzi waliimbiwa kwa Kiarabu na Sammy Clark, lakini mapigano ndani ya kipindi yalikwenda na Kikuchi. Pengine una shangazi Muscat ambaye tayari ana Kikuchi-bushi kichwani bila kujua.

Hujauliza kuhusu fedha, lakini unatengeneza biti, kwa hiyo nitaligusa. Japani kuna chombo cha kukusanya mirabaha ya watunzi, JASRAC, kilichoanzishwa 1939. Kila mwaka kinatoa tuzo, na mojawapo ni ya kimataifa: inakwenda kwa kazi iliyoingiza mirabaha mingi zaidi kutoka nje ya nchi. Muziki wa ndani wa Dragon Ball Z umeshinda tuzo hiyo. Sisemi wimbo, nasema vile vipande vya M-7 na M-16. Kila televisheni ya Ulaya au Amerika ya Kusini iliporusha kipindi chenye muziki wake, kuna kitu kilirudi Tokyo. Toleo lililobadilisha muziki halikumletea hesabu hiyo. Kwa hiyo unapokabidhi kazi kwa mtengeneza tamthilia, sajili kila kipande kwa jina lako, hata kile cha sekunde tano, kabla hujatuma faili. Mimi vipande vyangu vya zile wiki saba sikuvisajili, na bado navisikia kwenye matangazo ya watu.

Na hadithi ya muziki wake haikuishia 1996. Mwaka 2009 Toei walitoa upya Dragon Ball Z, imefupishwa, kwa jina la Dragon Ball Kai, na wakampa mtunzi mwingine muziki. Machi 2011 walitangaza kwamba baadhi ya vipande hivyo huenda vimechukuliwa kutoka kazi za watu wengine, na muziki wote ukaondolewa. Kipindi kilikuwa bado kinarushwa kila wiki, kungoja hakuwezekani. Wakaenda ghalani. Wakavitoa vipande vya Kikuchi, vingine vya zaidi ya miaka ishirini, wakavipandisha juu ya picha zilizosafishwa upya, na vikakaa. Vilikaa kwa sababu tangu mwanzo havikuwa vimefungwa kwenye picha yoyote.

Kikuchi alifariki tarehe 24 Aprili 2021 kwa nimonia, akiwa na miaka 89.

Sasa kazi yako. Usianze na Dragon Ball Z, utaishia kulinganisha. Anza na wimbo wa kufungia wa Tiger Mask, halafu wimbo wa Kaji Meiko, upate ile skeli masikioni, ndipo uingie kwenye mapambano. Kisha kwa tamthilia yako ijayo, kabla hujaletewa kipindi hata kimoja, omba muhtasari wa hadithi na ujiandikie orodha ya vipande ishirini kwa namba, kila kimoja kwa hisia yake na urefu wake. Weka angalau vitano vya sekunde tano, maana hivyo ndivyo huisha haraka. Ukiimaliza orodha, nitumie niione kabla hujagusa kinanda.